Kabla Lodwar haijaota maghorofa

Ukuta mrefu kuliko zote katika mto Turkwel uko mbali na Lodwar, mpakani mwa Turkana na Pokot Magharibi, pale mto unapobanwa na korongo la mawe. Umejengwa kwa zege, umepindwa kukabili maji ili msukumo wake uishie kwenye majabali ya kando, na kimo chake ni mita 153. Bwawa hilo lilipokamilika mwaka 1991, Nairobi haikuwa na jengo la kulifikia. KICC, jumba lililofunguliwa mwaka 1973 na ambalo leo limechorwa kwenye noti za Kenya, lina mita 105. Times Tower ilipokuja na mita zake 140, nayo iliachwa nyuma. Ilibidi Upper Hill ipate minara ya UAP na Britam, takriban robo karne baadaye, ndipo jiji kuu likawa na majumba ya kuupita ukuta ule wa korongoni.

Mitambo ya hapo ina uwezo wa megawati 106. Umeme wake ulipandishwa kwenye nyaya ukaelekezwa kusini, Lessos, ukaingia katika gridi ya taifa. Lodwar, mji ambao mto huohuo unaupitia ukielekea Ziwa Turkana, ulibaki kwa miongo ukitegemea jenereta za dizeli. Kakuma vivyo hivyo. Muuguzi wa Lodwar na kinyozi wa Kakuma walitumia stima ya mafuta yaliyoletwa kwa lori kutoka kusini, huku maji ya Turkwel yakiwasha taa za watu wengine.

Habari ya bwawa hilo inafaa kukumbukwa leo, maana Turkana imo katika msimu wa kujenga. Ugatuzi ulipoanza mwaka 2013, Lodwar iliacha kuwa kituo cha mkuu wa wilaya na cha wamisionari, ikawa makao makuu ya kaunti yenye gavana, bunge, bajeti na wakandarasi. Sensa ya mwaka 2019 ilihesabu zaidi ya watu 80,000 mjini. Lami ya barabara inayopitia Lokichar imeleta saruji, nondo na vioo kwa urahisi ambao haukuwapo zamani. Benki zimekuja, hoteli zimekuja, na kando ya barabara kuu nyumba za ghorofa zinachomoza katikati ya maduka ya mabati. Mwenye ploti anawaza kwenda juu, na anayo haki ya kuwaza hivyo.

Kwenda juu si kosa. Ila kila jengo refu lapaswa kuulizwa litamfanyia nini mtu aliye chini yake, na Lodwar bado ina muda wa kuliandika swali hilo ndani ya sheria zake za mji. Miji mingi yenye sifa, ikiwemo ile ya Ulaya ambayo watu hupanda ndege kwenda kuitazama, iliuliza swali hilo kwa kuchelewa.

Paris ni mfano ulio wazi. Mnara wa Eiffel ulijengwa kwa ajili ya maonyesho ya dunia ya mwaka 1889, kwa kibali cha miaka 20. Wasanii na waandishi mashuhuri walikuwa wameupinga hadharani tangu mwaka 1887, wakihofia kwamba chuma kile kingeuharibu mji wao. Ungevunjwa mwaka 1909 kama usingepatiwa kazi: juu yake palifungwa antena za redio, jeshi likaona faida yake, ukabaki. Mwaka 1973 mji huohuo ukapata jumba la Montparnasse, la ofisi, jeusi, lenye mita 210, katikati ya mitaa ya nyumba za ghorofa sita saba. Watu walilichukia kiasi kwamba mwaka 1977 Paris iliweka kikomo cha mita 37 kwa majengo ya katikati ya mji. Kikomo kikalegezwa miaka ya baadaye, mnara mwingine ukaanza kujengwa, ugomvi ukazuka upya, na mwaka 2023 mji ukarudi kwenye zile mita 37. Montparnasse lenyewe lipo palepale. Sheria ilikuja likiwa limeshasimama.

London ilikuwa na busara zaidi kidogo. Tangu miaka ya 1930 inalinda nafasi za kutazamia kuba la Kanisa Kuu la St Paul's, lenye mita 111, ili aliye ng'ambo ya mto Thames aendelee kuliona bila kuzibwa na paa la mtu mwingine.

Lodwar nayo ina vitu vyake vya kutazamwa kutoka mbali. Mji umekaa miongoni mwa vilima vya mawe, na juu ya kimojawapo imesimama sanamu ya Yesu aliyenyoosha mikono, iliyofuata mfano wa ile ya Rio de Janeiro. Ya Rio, iliyokamilika mwaka 1931, ina mita 30 bila kuhesabu kitako chake. Ya Lodwar ni ndogo zaidi, lakini kilima kinaipa kimo, na waumini hukipanda kwa miguu kwenda kusali. Dayosisi ya Lodwar iliundwa mwaka 1978, na askofu wake wa kwanza, John Mahon, alitoka katika shirika la Mtakatifu Patrick la Ireland. Shule na zahanati nyingi za Turkana ni kazi ya mikono ya kanisa hilo, katika miaka ambayo serikali ya Nairobi ilikuwa ikiitazama kaskazini kama eneo la kulindwa na askari tu. Mkatoliki na asiye Mkatoliki, wote wanakitambua kilima kile kuwa alama ya nyumbani. Hakuna sababu ya hoteli ya ghorofa nane kusimama mbele yake.

Lakini mandhari ni nusu ya shauri. Nusu ya pili ni joto, na hapo ndipo maghorofa yanayoigwa kutoka Nairobi yanapowaumiza watu. Mchana wa Lodwar hufika au hukaribia nyuzi 35 karibu mwaka mzima. Mvua kwa mwaka haifiki hata robo ya ile ya Nairobi. Ramani ya jengo lililobuniwa kwa hewa ya Westlands, lenye kuta nyembamba, dari ya chini na ukuta mzima wa kioo unaotazama magharibi, ikisimamishwa hapa bila kubadilishwa, inazaa chumba ambacho saa tisa alasiri karani hawezi kukikalia bila kiyoyozi. Kiyoyozi kinakula stima. Stima ikikatika, watu wanatoka na mafaili yao na kuketi chini ya mti. Mti huo ulikuwapo kabla ya jengo, na gharama yake ni sifuri.

Wanawake wa Turkana wanalijua somo hili bila kwenda chuo. Nyumba ya kwao, akai, hujengwa na mwanamke mwenyewe. Huchomeka fito ardhini kwa duara, huzipinda hadi vichwa vikutane juu, huzifunga, kisha hutandaza majani ya mkoma kwa tabaka. Mlango huwa mfupi, anayeingia huinama. Ndani, jicho linalotoka kwenye mwanga mkali huchukua muda kuzoea, kwa sababu kivuli ni kizito. Lakini upepo haukuzuiwa, unapenya kati ya majani na kutoka upande wa pili. Mvua ikija, ngozi hutandikwa juu. Familia ikihama, sehemu ya nyumba huhama nayo. Nyumba hiyo haina urefu wowote, wala haitafaa kwa benki au hospitali. Hata hivyo kanuni zake tatu, yaani kivuli kizito, upepo unaopita na vifaa vya hapahapa, zinaweza kupanda ghorofa yoyote.

Kuna aliyezipandisha tayari. Ukingoni mwa Ziwa Turkana, mahali panapoitwa Loropio, kuna chuo cha teknolojia cha Startup Lions kilichokamilika mwaka 2021. Vijana hufundishwa hapo kazi za kompyuta zinazoweza kuuzwa kwa wateja wa mbali kupitia intaneti. Aliyekisanifu ni Francis Kéré, mzaliwa wa kijiji cha Gando nchini Burkina Faso, ambaye jengo lake la kwanza lilikuwa shule ya msingi ya kijijini kwao, iliyokamilika mwaka 2001. Mwaka 2022 alipewa Tuzo ya Pritzker, heshima kubwa kuliko zote katika usanifu wa majengo duniani, akiwa Mwafrika wa kwanza kuipata.

Anayefika Loropio huona kwanza minara. Imechomoza juu ya paa, ina vimo tofauti, imepakwa rangi ya udongo, na kila mtu wa huko anajua ilikotoka: ni vichuguu. Kando ya barabara za Turkana kumejaa vichuguu vyembamba vya mchwa, vingine vinapita kimo cha mtu mara mbili, na ndani yake hewa ya moto hupanda na kutoka juu. Minara ya Kéré hufanya kazi hiyohiyo. Hewa iliyopashwa na miili ya watu na kompyuta hupanda ndani ya mnara na kutoka kileleni. Kwa kuwa imetoka, hewa nyingine huvutwa ndani kupitia matundu yaliyowekwa chini ya kuta, penye ubaridi, yakiwa yamepangwa ili vumbi lisiingie nayo. Kuta zimejengwa kwa mawe yaliyochimbwa karibu, na wenyeji walishiriki katika ujenzi. Jengo limefuata mteremko wa ardhi, na roshani zake zina kivuli cha kukaa watu jioni, ziwa likiwa mbele yao.

Huo ndio urefu wenye sababu. Mnara ukikatwa, chumba kinachemka. Mnara ukisimama, chumba kinakalika. Na kwa vile unafanya kazi, umekuwa pia sura ya mahali: picha za minara ile zimechapishwa katika majarida ya usanifu ya Ulaya na Marekani, na jina la Turkana limetajwa humo kwa habari isiyo ya ukame wala wizi wa mifugo. Inashangaza kwamba baada ya miaka kadhaa, majengo ya umma yanayoinuka kaunti hiyohiyo hayajachukua walau matundu ya chini na mnara mmoja wa kutolea joto. Shule ya bweni yenye vitanda mia moja ndani ya bweni la mabati ingeanza na hilo kabla ya kununua hata feni moja.

Atakayesema kwamba kujenga kwa fahari ni jambo geni Turkana aende kwanza kutazama mawe. Kando ya barabara ya Lodwar kwenda Kalokol zimesimama nguzo 19 za mawe ya volkano, zinazojulikana kama Namoratunga. Masimulizi ya wenyeji husema ni watu waliokuwa wakicheza ngoma wakageuzwa mawe. Wapita njia wamekuwa na desturi ya kuweka kijiwe juu ya nguzo. Mwaka 1978 watafiti wawili kutoka Marekani walidai kwamba nguzo hizo zilipangwa kufuata nyota fulani, wengine wakalipinga dai hilo, na mjadala umeendelea tangu hapo.

Upande wa kusini, Lothagam, kuna kitu kikubwa zaidi. Miaka ipatayo 5,000 iliyopita, wafugaji wa kwanza wa eneo hilo walichimba shimo pana katika mchanga uliokuwa ufuko wa ziwa, wakazika wafu wao humo kizazi baada ya kizazi, kisha wakalifunika kwa mawe na kusimamisha nguzo juu yake, nyingine zikiwa zimeburutwa kutoka umbali wa hadi kilomita moja. Jukwaa lenyewe lina kipenyo cha takriban mita 30. Watafiti wakiongozwa na Elisabeth Hildebrand walitoa matokeo yao mwaka 2018: mle ndani wamezikwa watu wasiopungua 580. Kazi hiyo ilianza karne kadhaa kabla ya Farao Khufu kujengewa piramidi yake kule Giza.

Tofauti yake na Giza ndiyo inayoipa Lothagam uzito wa pekee. Piramidi ni kaburi la mfalme mmoja. Lothagam ni la kila mtu: wanaume, wanawake, wazee, watoto wachanga, wakiwa wamepangwa karibu karibu, na karibu kila mmoja ana mapambo yake, shanga za mawe ya rangi, shanga za maganda ya mayai ya mbuni, vipande vya meno ya kiboko. Mmoja alizikwa na pambo la kichwa lililotengenezwa kwa meno ya panya wa jangwani, mamia yake. Watafiti hawakupata dalili ya tabaka la wakubwa waliotengwa na wadogo. Tena watu hawa walijenga wakati mgumu, mvua zikiwa zimepungua na ziwa likirudi nyuma mwaka hadi mwaka. Walipobanwa na ukame, walikusanyika wakajenga kitu cha wote. Kaunti yenye kaburi kama hilo haina haja ya kuazima wazo la ukuu kutoka kwa mtu.

Pamoja na hayo, mtoto wa Lodwar anaweza kumaliza shule akiujua mnara wa Eiffel kwa picha na asijue Lothagam iko upande gani. Mvulana wa Nariokotome, yule aliyeishi miaka takriban milioni moja na nusu iliyopita na ambaye mabaki yake yaligunduliwa na Kamoya Kimeu mwaka 1984, amepata sifa yake vitabuni. Waliojenga wanastahili nafasi hiyohiyo.

Kuna pia nyumba ndogo ambayo haina nguzo wala mnara. Jomo Kenyatta, baada ya kumaliza kifungo chake cha Lokitaung mwaka 1959, aliwekwa Lodwar chini ya amri ya kutotoka. Ni akiwa huko, mwaka 1960, chama cha KANU kilipomchagua kuwa rais wake akiwa hayupo, na serikali ya kikoloni ikakataa kumtambua. Aprili 1961 alihamishiwa Maralal, na Agosti mwaka huohuo akaachiliwa. Nyumba aliyokaa Lodwar ni ya kawaida kabisa kwa macho, na ndiyo maana iko hatarini: jengo la namna hiyo, ploti yake ikipanda bei, huonekana kama kizuizi.

Zanzibar imeonyesha jinsi hata jengo lisilo la kawaida linavyoweza kupotea. Beit al-Ajaib lilijengwa mwaka 1883 na Sultani Barghash, likawa jumba refu kuliko yote mbele ya bahari ya Mji Mkongwe, la kwanza kuwashwa umeme, kitovu cha mji ulioingizwa katika urithi wa dunia mwaka 2000. Tarehe 25 Desemba 2020 sehemu yake kubwa iliporomoka pamoja na mnara wa saa, ikaua watu wawili. Lilikuwa likifanyiwa ukarabati, baada ya miaka mingi ya kuta kunywa maji na kulegea. Kama jumba lenye sifa kiasi hicho liliachwa hadi likaanguka, nyumba ya ghorofa sifuri ya Lodwar haiwezi kuachiwa bahati. Inahitaji mlinzi, fundi wa kila mwaka na fungu lililoandikwa kwenye bajeti.

Kilomita zipatazo 120 kaskazini-magharibi mwa Lodwar, Kakuma inakabiliwa na shauri hilohilo kwa sura nyingine. Kambi yake ya wakimbizi ilianza mwaka 1992, maelfu ya wavulana wa Sudan walipofika baada ya kufukuzwa na vita, wengi wao wakiwa wamepitia Ethiopia, ambako serikali ya Mengistu ilikuwa imeanguka mwaka uliotangulia. Leo Kakuma na makazi jirani ya Kalobeyei yana takriban watu laki tatu: Wasudan Kusini, Wasomali, Wakongo, Waethiopia, Warundi na wengine. Ni zaidi ya Lodwar mara tatu. Utafiti uliochapishwa na Benki ya Dunia kupitia shirika lake la IFC mwaka 2018 ulihesabu zaidi ya biashara 2,000 ndani ya kambi na mji, na kukadiria uchumi wake kuwa dola milioni 56 kwa mwaka. Mahali pa ukubwa huo ni jiji, hata kama paa zake zote ziko chini.

Na ziko chini kwa sababu. Kwa zaidi ya miaka thelathini mkimbizi wa Kakuma amejenga huku akijua kwamba nyumba yake inahesabiwa kuwa ya muda. Ardhi ni ya jamii, iko chini ya uangalizi wa kaunti, na yeye hana hati yoyote ya kiwanja. Kwa hiyo ukuta ni wa matofali ya udongo yaliyokaushwa juani, paa ni bati, na mto wa msimu wa Tarach ukifurika, udongo unayeyuka na kazi inaanza upya. Vitu virefu Kakuma ni matangi ya maji yaliyoinuliwa juu ya vyuma, minara ya simu, na minara ya misikiti. Kanisa la Waorthodoksi wa Ethiopia limejengwa kwa udongo uleule wa nyumba za kawaida, likapambwa ndani kwa picha za watakatifu hadi mgeni akiingia anasahau kuta zake ni za nini. Waliolijenga hawakuwa na hatimiliki. Walikuwa na ufundi na hamu ya kukaa mahali penye heshima.

Kalobeyei, iliyoanzishwa mwaka 2016 kwenye hekta 1,500 zilizotolewa kupitia kaunti, ilikusudiwa kuwa mahali ambapo mkimbizi na Mturkana watatumia shule, hospitali na soko moja. Huko baadhi ya familia zilipewa fedha zijijengee nyumba za kudumu badala ya kupangiwa kibanda. Shirika la Umoja wa Mataifa la Makazi, UN-Habitat, lilimwita Shigeru Ban, msanifu wa Japani aliyepata Tuzo ya Pritzker mwaka 2014 na anayesifika kwa kuwajengea walioathiriwa na maafa kwa mabomba ya karatasi ngumu. Alibuni nyumba za mfano zinazoweza kusimamishwa bila mhandisi kuwapo kila saa, kwa vifaa vinavyopatikana karibu. Kwa hiyo kaunti ambayo Wakenya wengi huitaja kwa njaa imefanyiwa kazi na wasanifu wawili wenye tuzo kubwa kuliko zote za fani yao. Kaunti nyingine za Kenya zitatafuta sana kabla ya kupata rekodi ya namna hiyo.

Kasoro ni kwamba kazi za Ban na Kéré zimebaki mifano. Nyumba za mfano hutembelewa, hupigwa picha, kisha mkandarasi wa mwaka unaofuata analeta mabati yaleyale. Tofauti kati ya mfano na mji ni sheria na fedha. Bunge la Kenya lilipitisha Sheria ya Wakimbizi mwaka 2021, Machi 2025 serikali ikazindua Mpango wa Shirika wa kuzigeuza kambi kuwa makazi ya pamoja na wenyeji, na Kakuma imepandishwa hadhi kuwa manispaa. Maneno hayo yote ni mazuri. Yatapata maana siku ambayo mama Mkongo aliyeishi Kakuma miaka ishirini atakuwa na karatasi ya kumhakikishia kiwanja chake kwa muda unaojulikana, ili aweze kununua saruji bila hofu, na siku ambayo jirani yake Mturkana naye atakuwa na karatasi kama hiyo. Huyu wa pili asisahaulike. Wenyeji wengi wa Turkana Magharibi wamewatazama wageni wakijengewa kliniki huku ardhi yao ya jamii ikiwa haijasajiliwa, licha ya kuwapo kwa Sheria ya Ardhi ya Jamii tangu mwaka 2016.

Lodwar na Kakuma, basi, zina kazi moja. Manispaa zote mbili zinapitisha ramani za ujenzi. Hapo ndipo pa kuanzia, kwa kuwa kibali ndicho chombo pekee ambacho mkandarasi hawezi kukiruka bila kuvunja sheria. Jengo la ghorofa linaloombewa kibali lioneshe hewa yake ya moto itatokea wapi na ya baridi itaingilia wapi. Upande wa magharibi uwe na kivuli, kwa roshani, kwa ukuta wa matundu au kwa miti iliyopandwa kabla ya kuta. Vilima vya Lodwar viwekewe mpaka wa urefu wa majengo unaovizunguka, wenye mita zilizoandikwa, kama Paris ilivyoandika 37 zake. Wapimaji wa kaunti wanaweza kuitoa namba hiyo ndani ya miezi michache. Lothagam na Namoratunga ziwe na walinzi wanaolipwa na watoto wa shule wanaopelekwa kwa basi.

Wenye mali watasema masharti yanaongeza gharama. Kwa upande wa kioo na kiyoyozi, hesabu inawaendea kinyume: matundu ya ukutani na mnara wa matofali hulipiwa mara moja, bili ya stima hulipiwa kila mwezi. Kwa upande wa urefu, ni kweli kwamba mwenye ploti iliyo chini ya kilima atakosa ghorofa mbili tatu alizozitamani. Kaunti inaweza kumpunguzia kodi ya ardhi kwa ajili hiyo, au kumruhusu apande zaidi kwenye ploti ya mbali na vilima. Mazungumzo hayo yanawezekana sasa, wakati wenye ploti kubwa ni wachache. Yatakuwa magumu majumba kumi yakishaota.

Upo pia utajiri ambao manispaa hazijauhesabu. Kakuma ina waashi waliojifunza kujenga Mogadishu, Bukavu, Gambella na Juba, wakaja kuzoea udongo wa Tarach kwa miaka mingi. Vijiji vya Turkana vina wanawake wanaojua upepo wa kila mwezi unatoka wapi na mlango uelekee wapi. Loropio kuna mafundi walioinua minara ya Kéré kwa mikono yao na wanaojua tundu la chini liwe kubwa kiasi gani. Kamati za mipango za Lodwar na Kakuma zikiketi kuandika kanuni zao, watu hao waitwe mezani, walipwe posho kama wataalamu wengine wanavyolipwa, na wayasemee majengo kabla msingi haujachimbwa.